Ovamoro

Nililikuta katika kamusi ya Mwalimu Mwaipasi aliyestaafu,
haina jalada, imelainishwa na ukungu wa Tukuyu
hata kurasa zake hazifunguki, zinabanduka.
Kielezi, imeandikwa. Hakitumiki tena.
Overmorrow.
Maana yake: keshokutwa.

Nikakaa nalo jioni nzima, chai ikapoa.
Waingereza, niliwaza, wenye saa na kengele na ratiba,
walikuwa na keshokutwa wakaipoteza,
na sasa wakiitaka wanaizunguka kwa maneno manne
kama mtu aliyesahau jina la jirani:
yule bwana, nyumba ya pili, ukishapita ile ya kwanza.

Asubuhi, mvua ikitwanga bati, nikaliandika ubaoni.
Kidato cha tatu, watu hamsini na wawili
na masweta yanayonuka moshi,
wakalitafuna: ova, moro. Ovamoro.
Nikawaambia kielezi hufuata kitenzi
kama ndama nyuma ya mama yake:
kwanza uende, ndipo tuulize lini.

"Linatumika wapi, mwalimu?" Gwakisa huyo.
Hakuna mahali.
"Sasa tunalinakili la nini?"
Nikasema litatoka kwenye mtihani.
Nilidanganya.

Subilaga wa Masoko akainua mkono taratibu,
kama anayepima iwapo mvua imekatika.
"Na baada ya keshokutwa, wao husemaje?"
Hawasemi. Huhesabu.
"Na sisi?"
Sisi tuna mtondo. Halafu mtondogoo.
Darasa likaangua kicheko, likidhani nimetunga.
Nikageukia ubao kuficha uso,
maana hata mimi, mara ya mwisho kutamka mtondogoo
nilikuwa namkwepa mtu anayenidai.

Moko ikarudi kutoka Mbeya.
Subilaga alikuwa ameandika, kwa Kiingereza kilichonyooka,
kwamba mama yake atauza ndama ovamoro
wapate pesa ya bweni.
Msahihishaji akalikata neno kwa wino mwekundu,
akaondoa alama mbili,
akaandika pembeni: hakuna neno kama hili.
Ndama hakumgusa.
Ndama aliuzwa kweli, na pesa haikutosha.

Januari dawati likawa tupu.
Wakasema yuko kiwandani, anapanga maparachichi
kwenye maboksi yanayosafirishwa
huko huko neno lilikozikwa.
Kamusi alikuwa nayo yeye. Nilimwazima, sikuidai.

Jumatatu moja usiku simu ikatetemeka juu ya meza:
Shikamoo mwalimu. Nakuja ovamoro. Nina kitabu chako.

Jumatano nikafagia mpaka nyuma ya kabati.
Nikanunua sukari, nikachemsha magimbi.
Ukungu ukashuka kutoka Rungwe ukakaa mlangoni kama mgeni,
na ndiye mgeni pekee aliyefika.
Nilikula magimbi peke yangu, nikimtetea msahihishaji.

Alikuja Alhamisi, amelowa mpaka magotini,
kamusi ndani ya mfuko wa nailoni
pamoja na maparachichi matatu yaliyokataliwa kwa makovu.
"Gari lilikufa Kiwira," akasema. "Nimekuja mtondo."
Akasema hivyo tu, kama mtu anayesema jana.

Tukafungua ukurasa. Chini ya neno, kwa penseli,
alikuwa ameandika ya kwetu mawili, moja chini ya jingine,
na chini yake akachora mstari,
juu ya mstari hakuandika kitu.

Nikamuuliza, na shule?
Akakwangua tope la kiatu kwa kijiti, muda mrefu,
kuliko tope lenyewe lilivyokuwa.
"Mtondogoo," akasema,
na sikujua ananitajia siku au ananikwepa.

Nikahesabu kwa vidole, chini ya meza, asione:
Ijumaa, Jumamosi, Jumapili.
Jumatatu huwa tunafungua geti saa moja kasoro.