Robo Tatu

Sketi moja hula mita moja na robo tatu.
Zilitakiwa kumi na mbili, kijivu,
za wasichana wa shule moja ya Kangemi.
Mama, pini midomoni, akaniambia: piga hesabu.

Nikapiga. Moja mara kumi na mbili, kumi na mbili.
Robo tatu nikaiacha ilivyo,
ikaning'inia mkiani kama uzi usiokatwa,
naye akavuka mji hadi Eastleigh na jibu langu mkobani.

Sketi saba zilisimama.
Ya nane ilibakiwa na nusu mita,
mshipi wa kiuno na mfuko.
Cherehani ikanyamaza; nikasikia redio ya kinyozi
hadi mtaa wa pili wa Kawangware.

Hakunichapa. Alishika chaki ya kukatia,
akachora mistari kumi na miwili mezani.
"Hii robo tatu yako ni ya nani?"
Ya msichana wa kwanza.
"Na wale kumi na mmoja
watasimama ubaoni na nini nyuma?"

Tukavunja kila sketi iwe robo:
robo saba, mara kumi na mbili,
themanini na nne.
Gawa kwa nne. Ishirini na moja,
kamili, hakibaki hata kitambaa cha kufutia chaki.

Kesho yake kijivu kile kilikuwa kimeisha dukani.
Akanunua kilichokaribiana nacho.

Ijumaa, paredini, niliwachungulia kwenye ua wa michongoma:
saba rangi moja,
na watano
wamevaa hesabu yangu.