Mwenye Haya

Katika vioo vya darubini ya zamani
nyota ni nyeusi, na mbingu ndiyo nyeupe.
Miaka thelathini nimevifuta vumbi,
vioo elfu kumi na moja, kila kimoja usiku wake,
kwa kitambaa cha hariri na pumzi niliyoizuia,
na hakuna aliyeniuliza nimeona nini.

Wataalamu wanaiita K 1147.
Kila miaka arobaini na mmoja inafifia,
inatoweka siku kumi na tisa, kisha inarudi.
Daktari Revazi anasema ina mwenzake asiyeonekana,
aliyejitanda vumbi pana kama sinia;
sinia likipita mbele, sisi huku tunanyimwa nuru.
Anasema hayo akiinua kisahani cha chai,
anakipitisha mbele ya taa,
uso wangu unaingia gizani, unatoka.
"Ndivyo. Lakini kwa nini kila mara inachelewa kidogo,
hilo sijui."

Kwetu Svaneti, juu, kwenye minara ya mawe,
jina lake ni Mwenye Haya.
Akijifunika uso, kisasi kinalala.
Bunduki zinageuzwa midomo ukutani,
mdai damu anakaa meza moja na mdaiwa,
wanamegeana mkate wa jibini, hawatazamani,
kwa kuwa damu iliyomwagwa bila shahidi
haifuti deni, inaliongeza.
Na asubuhi baada ya kurudi kwake
mtu mmoja anapanda ngazi na tindo,
anachonga alama kwenye ukuta wa mnara,
na mwaka, kwa herufi za kanisa.
Alama kumi na nne. Nilimpeleka Revazi akazione.
Alizipapasa mojamoja kama kipofu,
akapiga hesabu kiganjani,
akakaa chini kwenye theluji.
Vioo vyetu vilishuhudia mara mbili tu.

Sasa la nyumbani.
Mwaka wa thelathini na sita, usiku wa mwisho,
Otia wa nyumba ya Saurmagi, miaka kumi na minane,
alimpiga risasi Jansugi, kaka wa bibi yangu, darajani.
Wao walisema: nyota ilikwisha kurudi.
Sisi tulisema: bado.
Tangu hapo wamekufa sita, watatu kwao, watatu kwetu,
na msiba wa saba ni harusi yangu,
iliyovunjwa kwa sababu kijana alitoka nyumba ile.

Kioo cha usiku ule kipo.
Sanduku la mia mbili na tatu, kimepasuka pembe.
Nilijua kilipo tangu wiki yangu ya kwanza kazini.
Sikukigusa. Mtu hafungui barua
ambayo huenda ikamwambia amechukia bure.

Februari hii Mwenye Haya amejifunika tena.
Usiku wa nane, nikiwa peke yangu, nilikitoa,
nikakiweka juu ya taa, nikainama na lenzi.
Nilitaka nukta nyeusi, au nilitaka patupu. Moja kati ya hayo.
Nikaona kijivu.
Kadoa, si doa.
Nikapima mara nne: sita nukta moja.
Kipimo hicho kila afanyaye kazi hapa anakijua:
ndipo jicho la mwanadamu linapoishia.
Mwenye macho ya miaka kumi na minane, hewa ikiwa kavu, anaiona.
Wazee wangu, waliozeekea kwenye moshi wa jiko, hawaioni.
Hakuna aliyesema uongo.

Niliandika namba daftarini, kwa wino, kama kazi.
Kisha nikakiviringisha kioo ndani ya soksi ya sufu.
Zimebaki siku kumi na moja.
Barabara ya juu imezibwa na theluji; nitaazima farasi.
Mlango wa nyumba ya Saurmagi sijaugonga
tangu nikiwa na miaka ishirini na miwili.
Sijui atafungua nani.
Nimechukua na lenzi pia, maana atakayefungua
atakuwa mzee, kama mimi,
na atataka kuona mwenyewe.