Upande wa Kulia

Kompyuta niliinunua Liepāja kwa bei ya kutupa,
na pedi yake ya gemu, mpira umechubuka.
Ndani nikakuta mpangilio umehifadhiwa kwa jina: Dzintra.
Kuruka, kushoto. Kufyatua, kushoto.
Hata breki za gari kazibana chini ya gumba lilelile,
na vitufe vya kulia vyote kavizima.

Nikamwonea huruma. Ajali? Kiharusi?
Nikampigia muuzaji, sauti nimeilainisha.
Akacheka mpaka akakohoa.
Dada yake mzima, anauza rangi za nyumba;
majira yale ya baridi alikuwa na Jurģis, wa miezi miwili,
asiyelala ila mkononi.

Kumbe kulia kulikuwa na wa kulia.

Nimeongeza mpangilio wangu.
Wa Dzintra sijaufuta.