Nusu Hatua

Nilipokuwa na miaka saba mwalimu alinishika bega:
"Wewe, Vendel, fungua mdomo tu. Usitoe kitu."
Nikafungua mdomo miaka hamsini na mmoja.
Harusini, kanisani, kwenye maziko ya baba,
samaki katika safu ya pili.

Sasa nimestaafu kuendesha tramu,
na kila Jumanne jioni nakalia kiti cha mtoto
ghorofani katika shule moja ya Miskolc,
magoti yakikaribia kidevu,
mbele ya Etelka, mdogo kuliko binti yangu,
asiye na huruma hata chembe.

Mkono wake ndio ubao.
Ngumi usawa wa kiuno: do.
Kiganja kinachopanda kilima: re.
Kiganja kilicholala kama meza: mi.
Halafu fa, kidole gumba kikitazama chini,
na hapo ndipo ninapoanguka.
"Umepanda mno," asema.
"Mi na fa wanagawana ukuta mmoja.
Wewe unavuka barabara."

Niliimba noti mojamoja, nikisimama kila kituo
kama kwamba kuna abiria.
"Macho yatangulie sauti," akasema.
"Usisome unayoiimba. Soma inayokuja."
Ah, hilo nalijua!
Dereva hatazami reli iliyo chini ya miguu yake.
Jioni ile nilivuka mistari minne bila breki,
na Etelka akasahau kunikosoa.

Lakini sikio likishafunguka, nani atalifunga?
Mlango wa lifti hushuka so, mi.
Jokofu hunguruma usiku kucha
kati ya noti mbili, halichagui, halina aibu.
"Borbála," nikamwambia mke wangu, "birika linaimba la."
"Birika limechemka, Vendel. Zima jiko."

Yeye huimba puani akimenya viazi.
Kijiwimbo kilekile, miaka thelathini na minne:
so so la so, mi re,
so so la ti,
kisha kisu, kisha ganda, kisha kimya.
Siku zote nilidhani ndio mwisho wake.
Sasa ile ti inaniuma,
mguu umeinuliwa na kipandio hakipo.

"Mbona hukimalizi?"
Akafuta kisu kwenye aproni.
"Mama aliishia hapo. King'ora kilikuwa kinalia.
Alikuwa ananifunika, anachukua kilemba,
anakwenda Diósgyőr, kwenye tanuri, zamu ya usiku."
"Kililia sauti gani?"
"Kililia king'ora."

Nilikwenda kwa mzee Gáspár, aliyekunja vyuma huko
hadi kiwanda kilipofungwa na magugu yakaingia kazini.
Sikio lake la kushoto liliachwa kulekule.
Nikamwomba anikumbushe. Akavuta pumzi,
akatoa kitu kati ya do na kikohozi,
mkewe akaja mbio na maji.
Do, basi. Au karibu na do.
Kiwanda kizima kilikuwa kinammalizia mtoto wimbo
na kumchukulia mama.

Jumanne iliyofuata ilikuwa imla:
kila mtu alete wimbo wa nyumbani,
ameuandika kwa sikio lake mwenyewe.
Nilifuta karatasi hadi ikatoboka.
Etelka akapita na kalamu nyekundu,
akaimba kimoyomoyo, midomo ikicheza,
akasimama palepale Borbála husimama.

"Ti yako haijafika nyumbani. Umesahau do."
"Sikusahau. Weka pumziko."

Akanitazama. Nje tramu ya kwanza kona ililia,
fa, nadhani, safari hii fa kweli.
"Pumziko la robo," akauliza, "au la nusu?"

Nikahesabu vidoleni.
Zamu ile ilichukua saa nane nzima.