Kopo la Vipande

Umekuja na kidude chembamba kama kijiti cha aiskrimu,
unaniambia kinameza maktaba nzima ya redio,
halafu unauliza, kwa adabu zote, sauti ziko wapi.
Sogeza kiti. Feni hiyo haigeukii upande huo.

Sauti nilizifuta mimi.

Usiandike bado. Mwaka ule koili hazikupatikana,
fedha za kigeni ziliishia kwenye mafuta na unga wa njano,
nasi pale Pugu Road tukaletewa karatasi yenye muhuri:
kipindi kipya kirekodiwe juu ya kilichokwisha kusikika.
Nikapachika koili, nikabonyeza.
Mkulima wa pamba akafutwa na mjadala wa mbolea,
mbolea ikafutwa na kwaya,
kwaya ikafutwa na mpira,
na mpira wenyewe sare, bila bao.

Marehemu baba angenikana.
Yeye alilipia leseni ya kusikiliza,
risiti zote kazitunga kwenye msumari, mlangoni, Kariakoo,
mgeni azione kabla hajavua viatu.

Matangazo ya vifo hayakurekodiwa hata siku moja.
Anselmi Mbunda aliyasoma moja kwa moja,
koti begani, miwani imefungwa kwa uzi:
ziwafikie Chausiku binti Pazi wa Buguruni,
na ukoo wote, popote pale walipo.
Basi Ilala mtu anaepua sufuria ili mafuta yanyamaze,
Temeke betri zilizoanikwa juu ya bati tangu asubuhi
zinajikaza, angalau jina lipite.

Chausiku ni mama yangu.
Dada yake alifia Rufiji, mvua imekata njia,
na habari ilimfikia kupitia mkono wangu,
huu hapa, ulioshika kitufe cha sauti.
Karatasi sikuisoma, wala maneno sikuyasikia.
Nilikuwa naangalia mshale usiguse nyekundu.
Nilifika nyumbani nikakuta viti vimetolewa nje.

Televisheni? Hiyo muulize mwingine.
Unguja walikuwa wameshaona rangi miaka ishirini,
sisi bara bado tunaambiwa ni anasa.
Ilipokuja, jirani yangu Magomeni, Sikudhani,
alijifunga khanga mpya ndipo akaketi mbele yake.
"Isije ikawa na yeye ananiona."
Mimi nilimwona msomaji ninayempenda kwa sauti tangu usichana:
mfupi, tai imepinda, anameza mate kila nukta.
Sijamsamehe.

Lakini hebu nishushie lile kopo, la maziwa ya unga,
taratibu, mfuniko umeshika kutu.
Nilikuwa nakata utepe kwa wembe,
ndiyo kazi niliyolipwa: kutoa vikohozi.
Taifa halikohoi.
Taifa halisemi "samahani, narudia,"
halipigi chafya katikati ya jina la waziri.
Kila nilichokata niliambiwa nitupe,
nami nikakidondosha mfukoni mwa koti, sijui kwa nini,
labda kwa sababu kilikuwa chepesi.

Juzi nimeviunga, hovyo, bila mpangilio.
Sikiliza.
Huyo ni Mbunda, pumzi tu, kabla ya kuanza.
Huo mlio ni mvua juu ya paa la studio,
tulisitisha mchezo wa kuigiza mpaka ikatike.
Hapo mtu anafungua ukurasa.
Ngoja, hapa. Mlango unagongwa, sauti ya mwanamke inauliza,
"Chai ya nani hii inapoa?"
na chumba kizima kinacheka,
watu saba, wanane, wengine nimewazika,
na mmoja anayecheka kuwazidi wote, kwa mbali, karibu na dirisha,
nimemrudia usiku kucha nisimjue.

Ingiza hiyo kwanza.
Jina la faili andika unavyotaka.