Bati la Sekunde ya Nne

Mimi ndiye ninayekunja nyaya.
Kushoto, kulia, kushoto, kama anayesuka ukili,
kwa sababu waya uliokunjwa kwa hasira
hukohoa siku ya kazi.

Studio ya Obonyo iko Kondele, ghorofa ya pili,
juu ya duka la mabati la Nandwa.
Kwa mkataba (wenyewe ni wa mdomo) mimi ni msaidizi:
chapati nne na maharagwe kutoka kwa Mama Belda,
kufagia, kupokea simu, kusema "Yuko njiani"
hata akiwa bado kitandani Migosi.

Lakini masikio yangu hayajaajiriwa na mtu.
Najua friji ya soda pale kwa kinyozi
huvuma noti moja na orutu iliyolegea.
Najua Obonyo huzidisha besi akigombana na mkewe.
Usiku, Manyatta, ndani ya blanketi,
naupanga upya wimbo wa mchana:
natoa kinanda, narudisha pumzi ya mwimbaji
aliyoikata kama anayekata kucha.

Kila wimbo wetu huanza kwa sauti yake,
nzito, yenye mwangwi wa kununua:
"Obonyo... mitamboni!"
Hata wimbo wa matanga.
Niliwahi kujaribu yangu, mlango umefungwa:
"Ajwang'... mitamboni."
Nikacheka. Ilisikika kama mtu anayeulizia choo.

Basi Alhamisi moja akaenda mazishini Yala,
akaniachia funguo na onyo: usiguse kitu.
Saa nne wakaja akina mama wa Nyalenda,
kumi na mmoja, kanzu nyeupe, ngoma mbili,
pesa zimefungwa kwenye leso, noti za hamsini hamsini,
walizochanga tangu Pasaka.
Chumba chetu hutosha watu wanne, watano wakipendana.
Nikafungua kinywa niseme "Yuko njiani."
Kikasema kitu kingine:
"Shukeni kwenye ngazi."

Ngazi zile mimi huzifagia. Nazijua.
Ukidondosha kijiko juu,
chini hujibu kijiko kikubwa zaidi.
Nikaburuta maiki nje, waya ukashuka
kipandio baada ya kipandio, bila kukohoa.
Wenye sauti nene chini, karibu na mlango wa Nandwa;
Mama Aloyce, ambaye sauti yake hupasua,
nikamgeuza atazame ukuta.
"Nimekosa nini?"
"Hujakosa. Ukuta unakuhitaji."

Ikabaki misumeno ya Nandwa.
Nikamwomba dakika ishirini. Akasema dakika ni pesa.
Nikampa mia mbili, chai yangu ya wiki nzima.
Akazima. Akaketi juu ya ndoo ya misumari, akavua kofia.

Wakaimba mara moja tu.
Sitaieleza. Mwenye mkokoteni alisimama barabarani.
Ila sekunde ya nne, kabla ngoma hazijaingia,
bati moja liliteleza dukani likaanguka,
ng'waaa,
na Mama Aloyce, badala ya kushtuka,
akapanda juu yake, noti ile ile.

Obonyo alirudi akasikiliza amesimama.
"Nani alikuambia utoe maiki nje?"
Nikanyamaza.
Akairudia. Akakaa. Akairudia tena.
"Safisha kelele," akasema.
Kisha akapachika sahihi yake mwanzoni,
na bila kunitazama: "Chapati leo leta tano."

Ya tano niliila ngazini, polepole.

Sasa wimbo unalia Kibuye kwenye simu za wauza nyanya,
na jina lake hutangulia.
Sijali.
Uongo. Najali sana, tena nimepiga hesabu:
kompyuta ya mtumba elfu kumi na nane,
maiki elfu sita, godoro la kuzibia dirisha.
Nimefikisha elfu nne na mia tatu.

Lakini siku ile niliyoambiwa nisafishe, nilisafisha:
kikohozi nje, pikipiki nje, mtoto wa kinyozi nje.
Bati nililiacha.
Hakulisikia, au alilisikia akadhani ni ngoma.
Ukiupata wimbo, ruka jina lake.
Sekunde ya nne. Sikiliza.
Huyo ni mimi.