Kinyume cha Nyuzi

Karakana yangu iko Bugando, chini ya hospitali.
Sioni haya kusema: ninaunda majeneza.

Alipoingia Taisia Glebovna, mjane wa Daktari Luhende,
nilidhani kafuata stakabadhi.
Mumewe nilimpima mwenyewe, futi sita na vidole viwili,
mninga mtupu.
Akafuta jasho, akasema:
"Fundi Gindu, piano wangu anaumwa."
Wangu. Anaumwa.
Nilitaka kumrekebisha ngeli, nikameza.

Nyumba yao Capri Point imekaa juu ya jiwe
kama kofia iliyosahauliwa.
Ndani, yule mgonjwa, mweusi,
aliyeondoka Leningrad mji ukiwa bado na jina hilo,
amevimba kwa unyevu wa ziwa, meno yamegoma kuinuka,
na tumboni wale wadudu wanaopanda majini kama moshi
wamekauka, wamekuwa unga.
Nikamfungua. Ubavu wa msonobari, umepasuka.
"Mti huu ulikua polepole," akasema. "Baridi iliukaza."
Nilihesabu miduara yake hadi mia na kumi, nikachoka.

Wiki tatu nilikuwa pale na gundi na vibano.
Yeye mezani, penseli sikioni kama fundi mwenzangu,
akitunga muziki bila kuupiga.
Mara akanyanyua mkono: "Rudia."
"Nirudie nini, mama?"
"Hiyo. Shhhrap. Na pale ilipokwama."
Nikasukuma randa tena, akaandika.
Basi asubuhi nzima nililainisha ubao usio na kazi,
maranda yakinifika vifundoni,
mimi mtu mzima, mwenye wajukuu.

Alinionyesha karatasi: vichwa vyeusi
kama viluwiluwi dimbwini,
kisha kijialama kama ndoana iliyokatika.
"Hiki ni kimya. Nacho huandikwa, nacho huhesabiwa."
Nikamwambia hicho ninakijua,
kipo kati ya koleo la kwanza la udongo na la pili.
Hakujibu. Alichovya mkate kwenye chai,
akausahau humo.

Siku nyingine alisema kwao mto hulala,
watu wakapita juu yake na mikokoteni.
Nikasema, hapa aliyepita juu ya maji yumo kwenye Injili tu,
wengine tumewachongea masanduku.
Akacheka mpaka akalia,
au alianza na kilio, sikumbuki.

Aliposafiri aliomba randa yangu kuukuu,
akaniachia hela ya kununua tano.

Mwezi wa pili mjukuu wangu Nyanzobe akaniletea simu,
kioo kimepasuka, sauti inakwaruza.
Ukumbi huko Petersburg. Fidla hazihesabiki,
na mbele yao bwana wa suti nyeusi, tai ya kipepeo,
amesimama penye meza ya seremala
na randa yangu mkononi.
Naijua: mpini una alama ya meno ya Kulwa
alipokuwa anaota meno.

Fidla zikapanda taratibu, moshi juu ya ziwa alfajiri.
Bwana akasubiri. Akahesabu. Akasukuma.
Niliruka kitini:
"Anakosea huyu! Anakwenda kinyume cha nyuzi!
Mbao itachanika!"

Ikachanika.

Ndipo nikaikumbuka ile asubuhi ya msiba,
nina haraka, gari la maiti linaunguruma nje,
mninga umenigeuka,
randa ikanasa kwenye ubao wa kifuniko,
na mjane mlangoni, viatu mkononi.
Nilijua aliona.
Sikujua alisikia.

Simu ikanyamaza.
"Mtandao umekatika, babu," Nyanzobe akanyoosha kidole.
"Usiguse," nikamwambia. "Hesabu."
Tukahesabu, mimi na yeye, mpaka kumi na moja,
na fidla moja ikarudi, peke yake, chini sana.

Kesho yake nilinunua randa mpya, ya Kichina.
Inapita vizuri. Haina la kusema.
Wangu yuko Petersburg.
Anafanya kazi.